Siku Niliyotoka Bila Kutolewa

Nyie vijana mnaopita hapa kwangu asubuhi mkijiandaa na usaili wa jeshi, mnanitia huruma na mnanichekesha. Mnakimbia kwenda Makambako mjini upepo ukiwa mgongoni, wote makamanda. Mkirudi upepo uko usoni, mnaanza kutembea huku mkijifanya mna mazungumzo mazito. Nawaona. Mimi nimekaa barazani na blanketi langu na kikombe changu, na mke wangu ananiuliza kutoka dirishani, "Meja, leo pia huwafuati?" Namjibu kwamba nilishakimbia miaka mingi kwa amri ya serikali, sasa nimekaa kwa amri yangu mwenyewe.

Mkisimama kuomba maji, mnaomba na hadithi ya vita. Poleni sana. Nilikuwa ofisa wa usafirishaji. Maadui zangu walikuwa pancha, matope na madereva waliokula ugali mwingi mchana. Nimepambana na malori barabara zote za nchi hii, na mara nyingi malori yalishinda.

Halafu mnaniuliza kuhusu ile picha ya sebuleni, nimevaa nyeupe kuanzia shingoni hadi viatuni. Mmoja wenu, simtaji, aliuliza kama niliwahi kuwa muuguzi hospitali ya Ikonda. Hapana, mwanangu. Nilikuwa nacheza kriketi. Nilicheza vibaya, lakini nilicheza kwa muda mrefu. Na kama si kriketi, huyo mama anayewaletea maji asingekuwa kwangu. Kaeni basi, kwa kuwa leo mmeshachoka.

Kwanza mjue kwamba jeshi halikuwa wazo langu. Nilimaliza kidato cha nne nikiwa na mpango mmoja: nirudi kwa mama yangu nje kidogo ya Njombe, nilime viazi, nipande paini, nizeeke taratibu karibu na moto. Mimi ni mtu wa nyumbani. Hata shuleni, siku ya kufungua muhula nilikuwa naumwa tumbo, na siku ya kufunga napona. Jeshi likanichukua, likaniona nina mwandiko mzuri na miguu mirefu, likanipa nyota begani. Miguu ilikuwa mirefu kweli. Kilichomo kichwani walikuja kukigundua baadaye.

Mambo ya maana niliyojifunza katika kazi ile nitawapa bure, maana mtayahitaji. Usiombe ruhusa kwa mkubwa wako kabla hajala. Ukivaa soksi mbili, ya ndani uigeuze, ule mshono ukae nje, la sivyo utajua habari zake jioni. Msafara wa malori hauendi kwa mwendo wa lori lenye nguvu. Unaendeshwa kwa mwendo wa lile bovu kuliko yote, kwa hiyo bovu liweke mbele ulione. Nilichukua miaka kujifunza hilo. Mwanzoni nililiweka nyuma, na kila tukifika tunakuta hatuko wote.

Aliyenifundisha mengi alikuwa dereva wangu, Koplo Haule, Mpangwa wa Lupingu kule Ziwa Nyasa. Alikuwa mdogo wangu kwa cheo na baba yangu kwa kila kitu kingine. Tukiwa mbele ya askari ananiita afande. Tukiwa wawili kwenye lori ananiita "wewe Mbena."

Sasa siku moja tunatoka Njombe kwenda Makambako na malori, ukungu ukashuka. Mnaujua ule wa kwetu, ule unaokufanya uulize kama mkono wako umekuja nao au umeuacha nyumbani. Haule akasimamisha lori. "Afande, tusubiri." Mimi, luteni mbichi, nikasema hatusubiri. Nikashuka, nikafunga kitambaa cheupe mgongoni, nikatembea mbele ya lori la kwanza ili wanifuate. Wazo zuri sana. Nilisoma mahali.

"Wewe Mbena," Haule akaniita kwa sauti ya chini, "ukungu haufai kutazamwa, unasikilizwa. Kwetu Lupingu usiposikiliza hufiki."

"Hii ni barabara, Koplo, si ziwa."

Basi nikatembea. Nikaona njia imekuwa laini chini ya buti, nikafurahi, nikadhani tumefika kwenye lami nzuri. Nikaendelea. Malori yananifuata moja baada ya jingine, kwa utii wote, kama bata. Halafu nikasikia watu wanaimba sauti nne, tena karibu kabisa. Nilikuwa nimeuongoza msafara wote mpaka kwenye uwanja wa kanisa la Kilutheri, juu ya majani yaliyofyekwa vizuri, na ibada ilikuwa inaendelea.

Wimbo ukakatika. Mlango ukafunguliwa, akatoka msichana wa kwaya na kanzu yake ya kijani, mikono kiunoni. Akatazama lori la kwanza, akalitazama la pili, akanitazama mimi na kitambaa changu mgongoni.

"Afande," akasema, "mmekuja kuokoka au mmepotea?"

Nikasema, "Tunakagua njia."

"Njia ya mbinguni?"

Nyuma yangu Haule alicheka mpaka akapiga honi bila kukusudia. Ndani, kanisa zima likacheka. Yule msichana ndiye Tumaini, na kwaya yao ya Makambako ilikuwa imealikwa pale. Mchungaji, Mungu ambariki, alitukaribisha chai mpaka ukungu ulipoinuka. Nilikunywa vikombe vingi kuliko kiu yangu, kwa sababu Tumaini ndiye aliyekuwa anamimina.

Baada ya hapo nikawa na shughuli nyingi sana za kikazi Makambako. Haule alikuwa ananiuliza, "Leo tunakwenda kukagua njia ile ile?"

Lakini Tumaini alikuwa na baba. Mzee Sanga, Mkinga aliyetoka Makete mikono mitupu, akafungua duka la mabomba, misumari na majembe karibu na njia panda, na lilikuwa linafunguliwa kabla jogoo hajaamka. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyeumizwa. Binti yake mkubwa aliolewa na askari, na yule askari kila alipoahidi kuja hakuja. Si kwa ubaya. Alikuwa anasubiri ruhusa. Ruhusa ya msibani haikutoka, ya Krismasi haikutoka. Mzee Sanga akawa anamwona binti yake amekaa dirishani na watoto, anangoja ruhusa ya mtu mwingine.

Kwa hiyo nilipomtuma mshenga, mjomba wangu mwenye maneno matamu, alirudi amenywea.

"Amekataa?" nikamuuliza.

"Hajakataa. Amesema mimi nisirudi. Anataka kukuona wewe mwenyewe."

"Mimi? Mwoaji anakwendaje kujisemea?"

"Nilimwambia hivyo hivyo. Akasema yeye bidhaa anapenda kuziona, si kusimuliwa. Uende Jumapili ijayo, baada ya ibada. Usipotokea Jumapili hiyo, kuna mwalimu mmoja ameshaleta posa, atamjibu yeye. Amesema hivi: 'Mwanajeshi haji kwa kupenda, huja akiruhusiwa. Nataka nione huyu kama anaweza kuja.'"

Tumaini naye alinipata kwenye simu ya posta. Hakulia, hakubembeleza. Alisema, "Huyo mwalimu ni mtu mzuri. Ana baiskeli, na anafika kila anakosema atafika. Wewe njoo." Akakata.

Hapo ndipo kriketi inapoingia.

Nilikuwa nimeijulia India, jeshi liliponipeleka kozi baada ya zile safari za Makambako. Jumamosi moja wenzangu walipungukiwa mtu, wakanivalisha nyeupe. Nilidhani tunakwenda kupigwa picha. Mchezo wenyewe, kwa ufupi wa kijeshi, ni hivi: umesimama na gongo (la mbao, si lile mnalolifikiria), nyuma yako kuna vijiti vitatu. Mtu anakuja mbio na kurusha mpira avivunje. Ukiupiga ukaenda mbali, unakimbia kubadilishana upande na mpigaji mwenzako aliyesimama ng'ambo, timu yako inapata mkimbio. Mpira ukivunja vijiti, umetoka. Mpira ukigusa gongo lako hata kidogo, na yule mdakaji aliyechuchumaa nyuma ya vijiti akaudaka kabla haujagusa chini, umetoka. Na mpira wenyewe ni mgumu kama kiazi kilicholala shambani usiku wa baridi ya Juni. Wa kwanza niliudaka kwa kidevu.

Niliporudi nikapangiwa Dar es Salaam, kikosi cha Kanali mmoja ambaye naye aliambukizwa ugonjwa huo huo nje. Alikusanya maofisa na askari, akaunda timu, tukawa tunacheza wikiendi na wafanyabiashara na walimu wa mjini. Sisi tulikuwa tunashindwa. Kanali alikuwa mpigaji mzuri mno, mwenye subira ya kobe. Wengine tulikuwa tunamsindikiza. Mimi nilikuwa napangwa wa mwisho kabisa, yaani mimi nikitoka, mechi imeisha.

Aliyeniokoa na aibu kubwa zaidi alikuwa mtu wa timu pinzani, mzee Jivan, mwenye duka la vipuri, kitambi mbele na mikono laini kuliko ya mkunga. Ndiye aliyekuwa mdakaji wao. Alinifundisha kudaka kwa kunirushia mayai nyuma ya duka lake. "Usiukamate, upokee. Mikono irudi nyuma pamoja nao. Wewe unakamata kama polisi." Nilivunja trei nzima, mkewe akatupikia kimanda, na kila yai jipya alikuwa anasema, "Hili ni la mwisho," kama sisi wanajeshi tunavyosema mlima huu ni wa mwisho.

Na alinifundisha jambo moja ambalo jeshini hatukuwa nalo. Sisi jeshini huondoki mpaka uambiwe ondoka. Unaweza kukauka gwarideni, lakini hutoki. Jivan akaniambia, "Kwetu, ukijua mpira umekugusa, unatoka mwenyewe. Mwamuzi hakuona, sawa. Wewe umesikia. Unaweka gongo kwapani, unaondoka."

"Hata kama mwamuzi amesema nibaki?"

"Hata hivyo."

"Na timu yangu ikishindwa?"

"Imeshindwa. Chai itakuwepo vilevile."

Nilimwona Kanali akilisikia neno hilo siku moja. Alikohoa tu.

Sasa, Jumamosi ya kabla ya ile Jumapili, tulikuwa na mechi dhidi ya kina Jivan. Treni ya kwenda bara ilikuwa inaondoka jioni ile, na ingenifikisha Makambako asubuhi. Nilikwenda kwa Kanali baada ya chakula cha mchana, kama nilivyowafundisha hapo mwanzo. Nikamweleza yote: Tumaini, mzee, mwalimu na baiskeli yake.

Akanisikiliza vizuri. Akasema, "Mechi ikiisha, nenda. Begi liweke kwenye gari langu, nitakupeleka stesheni mwenyewe. Ila kabla haijaisha, Luteni, hakuna kwenda popote. Mwaka mzima hatujashinda."

Nikaona si vibaya. Sisi huwa tunamaliza kushindwa mapema.

Siku ile, kwa mkosi, tukacheza vizuri. Kanali aliganda kwenye vijiti vyake kama mtu aliyepanda mti akagoma kushuka. Wenzetu wakatoka mmoja mmoja taratibu, kila mmoja amechangia kidogo, mpaka ikabaki mikimbio michache tu tushinde, na mpigaji aliyebaki ni mimi. Nikaingia uwanjani. Jua lilikuwa limeanza kulalia upande wa stesheni.

Kanali akanifuata katikati ya uwanja. "Usipige kitu. Wewe simama. Mimi nitamaliza."

"Ndiyo, afande. Utamaliza saa ngapi, afande?"

Akanitazama. "Taratibu."

Vijana, mimi sijawahi kuwa na bahati ya kuishi uwanjani. Nilikuwa nikiingia, watu wanaanza kukusanya viti. Lakini siku ile mpira ulinikataa. Mmoja ulipita juu ya vijiti kwa upana wa kidole. Mwingine niliuinua angani kama kuku, watu wawili wakaufuata, wakagongana, ukaanguka katikati yao. Kila niliponusurika, askari wetu pembeni walishangilia, na mimi nasikia treni kichwani. Nilikuwa mtu wa kwanza katika historia ya mchezo ule kulindwa na Mungu bila kuomba.

Ningeweza kuviacha vijiti vivunjwe kwa makusudi. Nawaambia ukweli, sikuweza. Nilimwona Kanali upande wa pili, shati limemganda mgongoni, anapiga kidogo, anakimbia kidogo, mtu mzima anayetaka kitu kimoja tu. Kama ningemwangusha kwa makusudi, ningekwenda kwa mzee Sanga na uso gani?

Mpira uliofuata ulikuja chini chini upande wa mkono wa kulia. Nikasogeza gongo nisiuguse, nikasikia *tik*. Kitu kidogo, kama ukucha kwenye kikombe. Jivan akaudaka nyuma yangu, akainua mikono, akamwuliza mwamuzi. Mwamuzi akafikiri, akatikisa kichwa. Sijatoka. Askari wetu wakaruka kwa furaha. Kanali akashusha pumzi.

Jivan alibaki pale pale nyuma ya vijiti, mpira mkononi. Alikuwa amechuchumaa, ananitazama tu.

Mbaya zaidi ni kwamba nilijua nitakavyoonekana. Siku zote nyingine, kutoka mwenyewe kungekuwa heshima. Siku ile, na begi langu liko kwenye gari na treni inakaribia kupiga honi, hakuna ambaye angeamini. Nilisimama pale, nadhani muda mfupi, lakini nilizeeka. Halafu nikaweka gongo kwapani nikaondoka.

Kanali akanifikia kabla sijafika pembeni. Sijawahi kuona mtu akipiga kelele kwa sauti ya chini namna ile.

"Nani amekutoa?"

"Hakuna, afande. Uligusa."

"Mwamuzi amesema haukugusa!"

"Uligusa, afande. Nimesikia."

"Umesikia treni, Luteni. Hukusikia mpira."

Na kweli, treni nayo nilikuwa naisikia. Ndipo Jivan akaja anahema, glavu kubwa mikononi. "Kanali," akasema, "mimi masikio yangu hayana mchumba Makambako, na nimesikia. Uligusa."

Kanali akamwangalia Jivan, akaniangalia mimi, akaangalia ule uwanja kwa muda. Kisha akatoa funguo. "Panda."

Tulipofika stesheni watu walikuwa wanapungiana mikono. Nikashuka mbio. Akaniita nikiwa nimeshakanyaga ngazi ya behewa. "Wewe! Na ole wako wakukatae huko. Nitakuwa nimeshindwa bure."

Treni ilipoondoka ndipo nilipokumbuka begi. Suti yangu, viatu vyangu, sweta alilonifumia mama, vyote vilikuwa vinarudi kambini na Kanali.

Kwa hiyo Jumapili asubuhi nilishuka Makambako na shati jeupe la mikono mifupi, suruali nyeupe yenye majani magotini, na raba nyeupe. Upepo wa Makambako ukanipokea. Mnaujua, hauzunguki mtu, unapita katikati. Nilitembea hadi kwa mzee Sanga meno yakigongana, na watu waliokuwa wanatoka kanisani wananipisha njia.

Mzee alikuwa amekaa mlangoni kwenye kiti, koti refu na kofia. Alinitazama nikija tangu mbali, wala hakuinuka.

"Kamwene, baba. Shikamoo."

"Marahaba. Umetoka kubatizwa?"

"Hapana, baba. Nimetoka kucheza."

Akafikiri. "Nani amekuruhusu kuja?"

Swali ndilo hilo. Nilijua ndilo. Nikasema, "Kwa kweli, baba, hakuna. Nilitoka mwenyewe."

Akasimama ghafla. "Umetoroka jeshi! Na umekuja kujificha kwangu!"

"Hapana, hapana, baba, nilitoka mchezoni!" Ikabidi nimweleze kriketi nikiwa natetemeka, kwa vidole na kwa jiwe na kwa fimbo yake ya kutembelea. Vijiti, mdakaji, *tik*. Alisikiliza kama mtu anayepewa bei asiyoiamini.

"Ngoja. Mwamuzi hakuona."

"Hakuona."

"Mkubwa wako anataka ubaki."

"Anataka."

"Ukibaki, mnashinda."

"Huenda, baba."

"Na ukasema wewe mwenyewe kwamba umetoka."

"Ndiyo, baba. Niligusa."

Mzee Sanga akakaa tena, polepole. Akavua kofia, akakuna kichwa, akaivaa. Nikaanza kumfikiria yule mwalimu na baiskeli yake.

"Kijana," akasema hatimaye, "duka sitakuachia hata siku moja. Utanifilisi." Akageukia ndani ya nyumba. "Tumaini! Mtu wako amefika. Mletee chai kabla hajatufia hapa. Mimi nimemaliza, yaliyobaki aseme na wewe."

Tumaini alikuja na kikombe na blanketi. Alinizungushia blanketi kwanza, akanikabidhi kikombe, akanitazama toka raba hadi nywele. Nilifungua mdomo nimuulize, meno yakagongana, neno halikutoka.

"Kunywa kwanza, afande," akasema. "Ukiniuliza huku unatetemeka hivyo, watu watasema nilikubali kwa huruma."

Nikanywa harakaharaka, nikaungua ulimi, na swali lenyewe nikaliuliza kwa kithembe. Alinielewa.